Kupe wa Josho Letu

Jumatatu, 5 Februari 2024

Nimeficha jambo hili miaka kumi na saba. Nilipokuwa bwana mifugo hapa bondeni Momba, nilikuwa napunguza dawa ya josho la kuogeshea ng'ombe. Ilichelewa kuja. Ya mwezi mmoja nikaivuta miezi miwili, nikaongeza maji. Sikutaka josho lifungwe mikononi mwangu.

Figo zimechoka. Nitaandika kidogo kidogo.

Alhamisi, 8 Februari

Jirani yangu Ngolo amepoteza ng'ombe wa kumi na moja. Ndigana tena, homa ya kupe. Alikuja kunijulia hali. Akasema kupe wa siku hizi wanaoga pamoja na ng'ombe, wanatoka wamependeza. Binti yangu Restuta akacheka. Mimi nilikohoa.

Majibu ya maabara yamefika: vinasaba vya kupe wetu vimebadilika, dawa ile haiwadhuru. Najua ilivyokuwa. Dawa haikuwafundisha kitu. Kati ya maelfu, wachache walizaliwa na tofauti ndogo. Kipimo kamili kingewaua karibu wote. Changu kiliua dhaifu tu, kikawaachia wale wachache ng'ombe mzima — wakanyonya, wakataga. Kizazi baada ya kizazi. Sasa ndio waliobaki.

Jumapili, 11 Februari

Wameshampata mkosaji: Mbonile, aliyekuwa mlinzi wa josho. Eti aliiba dawa, akajaza maji. Sungusungu, walinzi wa kijiji, wanakaa Jumanne kumhukumu. Wakimtenga hatasalimiwa, hatapewa moto wala maji, na akifa mkewe atamzika peke yake. Ana miaka sitini na minane.

Restuta amesema, "Baba, si ulifanya naye kazi? Nenda ukamtetee."

Nimesema miguu imevimba. Imevimba kweli.

Jumanne, 13 Februari

Sikwenda. Wamekuja wao, wamejaa sebuleni. Mbonile amesimama mlangoni, kofia mkononi. "Shikamoo, Bwana Mifugo." Basi.

Ngolo akasema, "Bwana Mifugo, wewe msomi, hatukuchoshi. Neno moja tu. Huyu alitia maji?"

Nimeomba nimeze vidonge kwanza. Naandika hapa kitandani, mlango nimeurudisha. Namsikia Restuta akigawa chai. Ngolo anamwambia isiwe nyepesi kama dawa ya Mbonile. Wanacheka. Sauti ya Mbonile siisikii.

Mwaka 2007 aliniletea kupe kwenye chupa, wamelowa dawa yetu siku tatu, wanatembea. Akasema, "Hawa hawafi, Bwana Mifugo. Tusiendelee hivi." Niliwatazama kwa lenzi. Nilijua hao ndio watakaozaa. Nikamwambia anyamaze.

Ngolo anagonga. "Bwana Mifugo, tunakusubiri."

Siku ile ile niliandika ripoti: kipimo sahihi, kupe wote wamekufa, dawa imepimwa na Mbonile. Hajui kusoma. Nilimshika mkono mwenyewe, nikamwekesha dole gumba.