Shoka Alilolikalia Askari

Mpendwa mdogo wangu Ramadhani,

Barua hii sikuitia gundi. Atakayeibeba kutoka hapa Shinyanga hadi machimboni Geita na aisome njia nzima akitaka. Nimechoka kuficha.

Unakumbuka nyumba ya baba ilivyojengwa? Mimi na wewe tulikanyaga udongo mpaka magotini, mama akituchemshia viazi. Wewe ulikuwa unakanyaga mara mbili, unakwenda kuchungulia chungu. Baba akakutania, "Ukuta wa huyu utakuwa na viazi ndani." Ukacheka, shavu limejaa. Katika sura zako zote, ile ndiyo ninayoipenda zaidi.

Baba alipofariki, tamaa ikanivaa. Nilijiambia mkubwa ni mimi, na vyumba vya uani nimeviezeka mimi. Ulipokwenda Kahama kununua ngozi, nikabadilisha kufuli. Kisha nikaogopa utarudi na kulivunja, nikakimbilia boma kuomba askari. "Nataka mali yangu ilindwe," nikasema, kifua mbele. Nilidhani askari ni kama mbwa wako, ukimwambia kamata, anakamata.

Akaja askari mmoja, Msukuma wa makamo, mpole wa sauti. Akaniomba ufunguo, nikampa kwa furaha. Akanitoa nje mimi na mkeka wangu, akafunga mlango, ufunguo akautia mfukoni mwake. "Mzee, shauri lenu litasikilizwa kwa liwali Jumatatu. Mpaka siku hiyo haingii mtu." Majirani walicheka mpaka wakashika mbavu. Mchimba kisima huingia mwenyewe, na mimi niliingia mzima mzima.

Ukarudi Jumamosi asubuhi, mtaimbo begani, hata shikamoo hukunipa. "Kaka, fungua au navunja!" Askari akasimama kati yetu, mgongo kwangu, uso kwako. Ukamfokea, "Wewe umeletwa na huyu, unamlinda huyu!" Naye akakujibu taratibu, kama mama alivyokuwa akituita, "Ng'wanawane, mwanangu, nyumba ni ya nani mimi sijui. Ninachojua, hapa mlangoni haumii mtu."

Ukautupa mtaimbo, ukaondoka.

Sasa sikia usilolijua. Nyuma ya kanzu yangu nilikuwa nimeshika shoka. Ungepiga hatua moja zaidi ningekukata. Sisemi ningekutisha, Ramadhani. Ningekukata. Wewe ulipokuwa bado unafoka, askari alirudisha mkono nyuma bila kugeuka, akaninong'oneza, "Lete." Nikampa. Ulipogeuka kwenda zako, akakaa kizingitini, akalikalia lile shoka, akaomba maji ya kunywa. Nilimletea kwa mikono miwili. Hakumwambia mtu, hata liwali.

Jumatatu nyumba ikagawanywa nusu kwa nusu, kama sheria inavyotaka. Nilitegemea kuumia, lakini nilipumua kama mtu aliyetua mzigo wa kuni. Wewe ukachukua hasira zako ukaenda nazo kwenye dhahabu, nami nikanyamaza kwa aibu. Tangu hapo, kila nikisikia shimo limetitia huko, chakula hakipiti.

Juzi kaja sokoni mama mmoja muuza dagaa kutoka Nkome. Nikamuuliza habari zako, maana naye hupeleka dagaa machimboni. "Huyo mtu wako? Yuko mzima, kanenepa! Ila wewe, baba, jina lako halitaji bila tusi." Nilikaa chini palepale penye vumbi, nikacheka, machozi yakinitoka. Yule mama alidhani nimerukwa na akili. Sijafurahi hivyo tangu tumzike baba.

Nusu yako ya nyumba iko vilevile, naifagia tu. Sikulazimishi kurudi. Kaa na hasira yako mpaka ikuchoshe wewe mwenyewe, na unisalimie wote unaochimba nao.

Na unitukane, mdogo wangu, unitukane sana. Kila tusi likinifikia nitajua kwamba sikukuua.

Ni mimi, kaka yako