Msiba Usio na Maiti

Jumamosi, Kwamndolwa. Joto, na aibu.

Mchezo wangu wa jukwaani ni wa watu wawili wanaosubiri maiti asiyefika. Hawamjui, lakini hawathubutu kuondoka. Ukumbini tulitumia vigoda viwili tu, watu wakacheka. Sasa tunaufanya filamu, na Shabani, mpiga picha wangu, akasema filamu haidanganyiki kwa vigoda. Basi leo asubuhi tukafunga turubai uani kwa mama, tukatandika mikeka. Mama mwenyewe yuko Dindira kwa dada yake tangu Jumatano.

Mimi mzaliwa wa hapa nilisahau jambo moja. Huku kwetu turubai likifungwa uani ni msiba, watu hawaulizi. Wanakuja.

Saa nne uani pamejaa kanga, kuni na unga. Mama Zaina, jirani ambaye yeye na mama hawajasalimiana miaka miwili kwa ugomvi wa mpaka, alijitupa mkekani akimlilia mama, "Mama Rehema, umeondoka hatujapatana!"

Nilipaswa kusema pale pale. Badala yake nilimwambia Shabani aendelee kupiga picha.

Dakika nne nzima. Sijawahi kuandika kitu kizuri kama kile, na siyo changu.

Nilipokuja kusema ukweli, walinisema mpaka nikatamani ardhi inimeze. Wengine walibeba unga wao wakaondoka. Mama Zaina alinishika mkono. "Ifute. Mama yako akijua nimemlilia, uso wangu nitauweka wapi?" Nikaapa wallahi nitaifuta.

Jioni mama akapiga simu. Habari zilishapanda mlima hadi Dindira kabla ya mtandao. Amenigombeza, haki yake. Kisha akauliza, "Mama Zaina alikuja?"

Nikasema alikuja.

"Alilia?"

Nikamuuliza anarudi lini. Akasema, "Nikirudi Jumatatu utanionyesha hiyo picha mliyopiga."

Nimekaa na simu mkononi. Nikiifuta picha ile, mama hataona, na filamu yangu itabaki vigoda viwili. Nikiiacha, nimevunja kiapo. Wale watu wangu wawili niliwaandika nikiwacheka, kumbe sijui hata mimi natokaje chini ya turubai hili.

Sasa hivi Mama Zaina amepita tena kuuliza kama nimefuta. Nimesema bado. Sikutegemea, lakini hakukasirika. Alisimama mlangoni, akavuta kanga yake, akauliza mama anarudi lini, na kama kule Dindira baridi haimsumbui kifua.

Kesho nitamwomba Mama Zaina mwenyewe anifungue kiapo. Akikataa je?