Vidonge Unavyomtumia Mama

Mwanangu mpenzi,

Cherehani ya mama yako imepata mkanda mpya, na paa halivuji tena. Sasa nisikilize.

Vidonge unavyotuma vinatuliza pumu yake kweli. Akimeza, kifua kinafunguka. Lakini daktari amempiga picha, akakuta kuvu imeota ndani ya pafu. Kidonge chako hutuliza uvimbe kwa kuwalaza walinzi wa mwili. Pumu hunyamaza, kuvu nayo hukuta mlango wazi. Dawa ya kuvu ni nyingine, ya miezi mingi, tena hutia kichefuchefu. Chako daktari atakipunguza kidogo kidogo, maana kukikatiza ghafla nako ni hatari.

Mama yako hataki. Ya hospitali anaitema, yako anaiongeza kwa siri. Nimevikuta vidonge vyako kwenye kopo la vifungo.

"Mwalimu, siku hizi umekuwa askari?"

"Mke wangu, vitakuua."

"Vya mwanangu viniue? Hebu nipishe nishone."

Leo asubuhi amekohoa damu kwenye gauni la mteja. Akalikunja upesi, akidhani sikuona.

Naandika kwa sababu simu yetu ni moja, nayo haimbanduki mama yako mkononi. Usitume vingine; vya kupunguzia atampa daktari. Mpigie, umwambie dawa ya hospitali nayo ni wewe uliyeituma. Ataimeza.

Nimewafundisha watoto wa watu kusema kweli tangu ujana wangu. Uongo huu nibebeshe mimi.

Ni mimi baba yako, ninayemsikiliza akipumua.