Kwako Dada Kalolaine, Uliyenisimulia Sinema Kupitia Ufa wa Ukuta

Umetimia mwaka, Dada Kalolaine, tangu utuache, na kazi ya kuandika kumbukumbu hii ya gazetini nimepewa mimi kaka yako Semisi. Naapa mbele ya kanisa zima la Kolovai, kijiji chetu hapa kisiwani, kwamba yote yaliyomo humu ni kweli tupu, hata pale penye popo.

Wengine wanakujua kama Dakta Moimoi, aliyefundisha elimu ya filamu chuo kikuu kule Auckland na kutunga hadithi fupi katikati ya kusahihisha mitihani. Sisi tunakujua tangu sinema ilipoletwa kwenye ukumbi wa kanisa. Kwetu kaka na dada hawatazami sinema chumba kimoja, heshima hairuhusu, na dada ndiye mwenye cheo hata kama kazaliwa nyuma. Basi ukaingia wewe, mimi nikabaki nje kwenye nyasi, sikio kwenye ufa wa ubao.

"Sasa wanafanya nini?" nikanong'ona.

"Wanasali."

"Tena?"

"Wana dhambi nyingi, Kaka. Nyamaza."

Nilikuwa baba wa watoto nilipogundua kwamba walikuwa wakibusiana.

Kazi yako yote ilitokea kwenye ufa ule. Kitabu chako kikubwa kilituhusu sisi wa nje, tulioijua sinema kwa masikio tukajichorea picha wenyewe. Wanafunzi wako uliwafanya waitazame kila filamu mara mbili, mara ya pili wakiwa wameipa mgongo. "Ya kwanza ni yenu," ulikuwa ukiwaambia. "Ya pili ni ya kaka yangu."

Siku uliyotusomea hadithi yako ya kwanza pale kijijini, popo wa Kolovai waligeuka mitini wakakaa vichwa juu, wasije wakaisikia kinyume.

Ulipokuja nyumbani likizo hukuwa na udakta. Ulimenya viazi vikuu huku unatunga, sentensi unaitamka kwa sauti, na mke wangu Ema asipocheka unaitupa pamoja na maganda. Kule Auckland, mwanafunzi aliyefeli ulimlisha kwanza, ndipo ukamweleza alipokosea. Wengi walirudi kwa ajili ya kule kuelezwa, ingawa Ema anasema ni kwa ajili ya chakula.

Ila mimi hukuwahi kunisifu. Nikisimulia jambo barazani, tukinywa kava, kinywaji chetu cha mizizi, likikufikia huko ng'ambo, jibu lilikuwa lilelile: "Mwambieni Kaka mwisho haujakaa sawa." Shule niliiacha mapema, nikajisomea mwenyewe bandarini, kati ya meli na meli. Uliwasifu watoto wa watu wasiojua hata kufunga kamba. Nami nilitaka neno moja tu kutoka kwako, kwamba hadithi yangu ni nzuri.

Macho yako yalipokwisha nguvu kule hospitalini, nilikaa nyuma ya pazia, kama ipasavyo, nikakusimulia filamu ya nahodha aliyepoteza meli yake. Mwisho wake haukunipendeza, nikashona wangu: meli yenyewe ikarudi, bandari baada ya bandari, kumtafuta nahodha. Ukasema: "Kaka, katika miaka yote ya kufundisha sijasikia mwisho mzuri kuliko huo."

Tunaokukumbuka ni binti yako Lupe, mwanao Tevita, wifi yako Ema, wajukuu, wanafunzi wako na mimi. Kila taa za ukumbi zitakapozimwa, jina lako litatajwa.

Hapo ndipo nilipokuwa nimemalizia. Lakini Lupe, aliyekuwa upande wako wa pazia, kaomba asome kabla sijapeleka gazetini.

"Mjomba, sifa hii umeitoa wapi?"

"Kwa mama yako."

"Mimi ndiye niliyemshika mkono. Alisema, 'Mwongo mkubwa huyu. Mwambie aendelee.'"

"Si ni kitu kilekile?"

"Si kilekile. Na wewe hukuendelea, ulikuwa unapenga kamasi. Andika alivyosema."

Basi nimeandika, Dada. Na nikilitazama sasa, neno lako limelizidi langu.

Unajua sheria yetu: mtoto wa dada huchukua chochote cha mjomba wake hata mjomba asipokosa, sembuse akikamatwa na uongo. Lupe hakuuliza bei wala ruhusa. Amechagua nguruwe wangu mnene kuliko wote, wa kuwalisha wanafunzi wako watakaokuja kukukumbuka Jumapili, na banda nimemfungulia mwenyewe.