Baba Mkwe Haonekani Kwenye Video ya Harusi

Jumapili, Mbinga. Ukungu umeshuka mpaka kwenye mibuni, na baridi imenifanya nivae koti la mume wangu. Linanukia yeye. Mume wangu! Bado sijazoea utamu wa kuandika hivyo.

Lakini leo nimelia.

Jana tulishuka Ngumbo, kando ya Ziwa Nyasa, kwa baba mkwe. Baba alikuwa mtayarishaji na mwongozaji wa vipindi tangu televisheni ilipoanza huku bara. Zamani alikuja ziwani kurekodi kipindi cha wavuvi, akamkuta msichana anaanika usipa, dagaa wetu wa Nyasa. Akamwomba awageuze tena. Na tena. Wakaishia kufunga ndoa. Jamani, nani hataki kupendwa hivyo?

Mama alifariki Damas wangu akiwa mdogo. Haikumbuki hata sauti yake. Basi alipoupata mkanda wa kipindi kile kwa rafiki wa baba huko Dar, akauhamishia kwenye flashi bila kuutazama, nilimkumbatia mpaka akaishiwa pumzi. Baba anaumwa kifua. Tulitaka auone mapema.

Tukawasha. Jina la baba likapita. Ziwa. Mama akainua uso, akafungua mdomo aseme.

Mpira ukaanza.

Walikuwa wamerekodi mechi juu yake.

"Mikanda ilikuwa michache," baba alisema. "Kipindi kikisharushwa, tunarekodi kingine humohumo. Ndiyo kazi ilivyokuwa." Akatazama mchezo. "Ila goli zuri, jamani. Msimlaumu kipa."

Tulicheka, Damas akijifuta macho.

Nikasema, "Baba, basi tukurekodi wewe. Utusimulie habari za mama."

Damas akainua simu. Imejaa. "Nifute zile za harusi?" akaninong'oneza. Video zetu, ninazozitazama kila asubuhi! Nikaitikia kwa kichwa.

Baba alisikia. "Hapana, mwanangu. Kufuta kumetosha. Mje siku nyingine na nafasi." Akakohoa mpaka akashindwa kutuaga.

Leo nimezitazama tena video za harusi. Baba haonekani hata mara moja, maana siku ile alisimama nyuma ya kamera tangu kanisani, akimwamrisha mpiga picha wa watu. Ila anasikika. Mimi nacheka na shela langu, na sauti yake inasema:

"Bibi harusi, geuka tena. Na tena."

Damas ameazima kadi tupu ya kurekodia. Kukicha tunashuka Ngumbo.

Baba, tungoje.