Fomu ya Nyabise

Jumatatu, 3 Mei 1976

Nimeanika ulezi. Mbuzi wa jirani wamekuja kuchukua fungu lao kama kawaida. Nyabise alikuwa kwenye tanuri la matofali tangu alfajiri, yeye na akina mama wanne wa zamu ya ujamaa. Amerudi na vumbi jekundu mpaka kwenye kope. Na mimi nilikwenda kusaidia. Nilibeba matofali kumi na manne, mgongo ukasema basi. Nikakaa pembeni nikawapa ushauri. Hakuna aliyeusikiliza.

Mchana mwenyekiti wa kijiji akapita na tangazo. Serikali inafungua vyuo vya maendeleo kwa ajili ya wananchi wa kawaida. Kijiji chetu kina nafasi moja. Si lazima uwe umemaliza la saba, hatua ya nne ya kisomo cha watu wazima inatosha. Mwaka mzima, na serikali inalipa yote: masomo, chakula, kitanda. Nilimwomba arudie hapo pa kitanda.

Nyabise akaenda kupika. Ila ugali umeungua. Miaka sita niko na huyu mke wangu, hajawahi kuunguza ugali. Nikajua.

Jumatano, 5 Mei

Amesema. Anataka kwenda. Na si ushonaji kama wanawake wengine, anataka uashi. "Cherehani inanitiaga usingizi, Mama." Hatua ya nne alishinda mwaka jana, ndiye pekee aliyesoma barua ya mtihani bila kufuatisha kidole.

Nikikaa peke yangu najichekaga. Mimi Wakuru, mjane wa miaka arobaini na nane, mnene, magoti mabovu, ndiye mume wa mtu. Marehemu aliniachia ng'ombe, hakuniachia mtoto. Nikafanya walivyofanya bibi zetu: nikatoa ng'ombe tisa, nikamwoa binti, ili nyumba yangu isizimike. Tumepata wasichana wawili, Wegesa na Nyanjige. Aliyewazaa ni Magesa wa ng'ambo ya mto. Tulimchagua sisi wenyewe, na kwa mila hana kauli. Watoto ni wa nyumba yangu. Nyabise ananiita Mama. Akitaka kunichokoza ananiita mzee wa nyumba.

Naogopa. Acha niandike tu, daftari halina mdomo. Mwaka mzima. Mtu akishazoea taa ya umeme, atarudi kwenye kibatari changu?

Nimemwambia aende akajiandikishe.

Jumamosi, 8 Mei

Mkutano wa kijiji. Wagombea watatu: vijana wawili wa kiume na Nyabise. Kura ya kunyoosha mikono.

Mzee mmoja mwenye maneno akasimama. "Ujenzi ni kupanda juu. Huyu binti atapandaje ukutani na gauni, na upepo wetu huu?"

Nyabise akajibu palepale: "Nitaazima suruali ya mume wangu, baba."

Mkutano mzima ukageuka kunitazama. Mimi na kanga zangu mbili, ya juu ina tundu. Walicheka mpaka mwenyekiti akaanguka kutoka kwenye benchi. Baada ya hapo hata kuhesabu mikono ilikuwa kazi bure. Ameshinda.

Usiku wa Uhuru nilicheza ngoma mpaka nikapoteza kiatu kimoja. Kesho yake nikaamka na kiatu kimoja na shamba lilelile. Nikasema, haya, labda Uhuru ni wa watu wa mjini. Leo nimeona kijiji kizima kimemnyooshea mkono mtoto wa kufyatua matofali. Umekuja polepole, lakini umefika hadi kwangu.

Alhamisi, 13 Mei

Bunda, kwenye usaili. Nilimsindikiza, watoto nikawaacha kwa jirani. Sisi wasindikizaji tulikaa nje chini ya dirisha. Dirisha halikuwa na kioo. Sikusikiliza makusudi, masikio yangu tu ndiyo yalikuwa upande huo.

Mwalimu wa usaili akauliza: chumba hatua nne kwa tano, ukuta wa urefu wa mtu na mkono wake juu, kinakula matofali mangapi? Wenzake walikuwa wakiomba karatasi. Yeye akataja hesabu. Mwalimu akafanya ya kwake ubaoni, muda mrefu, chaki ikikwaruza. Halafu akasema, "Umezidisha sitini."

Nyabise akasema, "Hayo ni ya kuvunjika njiani, mwalimu. Punda hujikwaa."

Mwalimu akafuta ubao. Kisha akamwuliza atajuaje ukuta umesimama sawasawa. Akasema anafunga jiwe kwenye kamba, analiachia lining'inie. Mwalimu akamwambia chombo hicho kina jina, kinaitwa timazi, na mafundi wa dunia nzima wanacho. Nilimwona kwa ubavu wa dirisha. Alisimama kama mtu aliyeambiwa ana ndugu nchi za mbali.

Na mimi ninayemwambia kila siku achemshe maharage vizuri. Nilikuwa najua nimeoa nani? Sikujua.

Jumatatu, 17 Mei

Amepita! Fomu imefika. Kuna mahali pa jina la mume, na sahihi ya mume inayoonyesha amekubali. Nimepajaza mwenyewe, kwa mwandiko wangu wa darasa la nne la misheni, ule wa mikia. Nikaandika jina langu lote na la baba yangu. Nikapuliza wino. Mwenyekiti ameipeleka Musoma.

Leo maharage nimechemsha mimi. Mabaya kuliko yake.

Jumatano, 26 Mei

Fomu imerudi. Wino mwekundu: sahihi ya mume iwekwe na mume mwenyewe, si mwanamke kwa niaba yake. Mwisho Ijumaa tarehe nne Juni. Ikipita, nafasi inakwenda kijiji kingine.

Nimeisoma mara tatu. Mjinga mimi. Huku kwetu hakuna asiyejua mume wa Nyabise ni nani. Haikunijia hata kidogo kwamba Musoma hawajui.

Jumapili, 30 Mei

Magesa alikuja baada ya misa. Ana shati safi, kalamu iko mfukoni. Mtu ambaye hajawahi kutuletea hata ukuni mmoja, leo kaleta kalamu.

"Mama, nimesikia shida yenu. Nitasaini mimi. Ni karatasi tu."

Nikammiminia maziwa kwenye kibuyu, anywe, ili nipate muda wa kufikiri. Karatasi tu. Karatasi yenye muhuri hukaa Musoma miaka. Siku moja angekuja nayo: huyu ni mke wangu, serikali inajua, na watoto hawa ni wangu. Mila ingesema nini mbele ya muhuri? Lakini siku zilizobaki ni tano. Nikamkumbuka Nyabise pale Bunda na jiwe lake la kamba.

Nimesema ndiyo. Niandike ukweli, nilisema ndiyo.

Nyabise alikuwa mlangoni. Akaingia, akaichukua fomu mikononi mwa Magesa kama mtu anayemnyang'anya mtoto kisu. "Huyu hajanioa. Sisomi kwa jina la mtu asiyejua hata jembe langu linakaa wapi."

Magesa akamaliza maziwa kwanza. Halafu ndiyo akaondoka.

Nikamwambia, basi umekosa chuo. Akasema, "Twende Musoma, Mama. Wakuone."

Kuniona mimi! Wataona nini?

Alhamisi, 3 Juni

Nina uchovu, lakini lazima niandike.

Basi lilipita Butiama, kwetu nilikozaliwa. Nikamwonyesha Nyabise mawe tuliyokuwa tukitelezea utotoni. Hakuyaona. Alikuwa anasoma. Kila ubao barabarani, kila gunia, kila ubavu wa lori, anasoma kwa sauti ya chini. Tulipofika Kamunyonge, pale Musoma mjini, akasoma hata tangazo la kukataza kukojoa. Abiria mmoja akaitikia amina.

Ofisini tulimkuta kijana wa Tanga, miwani minene, Kiswahili chake laini mpaka nikaona haya kufungua mdomo. Nikamweleza. Nilitoa ng'ombe tisa, nimemwoa huyu. Akaniomba nirudie. Nikarudia. Akaniomba tena, akavua miwani. Hakucheka. Nilikuwa nimejiandaa kwa kicheko, nikakosa la kufanya.

Akaingia chumba cha ndani, akakaa sana. Aliporudi alisema polepole, "Mama yangu, nimekuelewa. Lakini fomu hii haina mahali pa kukuweka. Njia iliyopo ni moja. Aandike kwamba hajaolewa. Ni mtu mzima, atasaini mwenyewe, na hapo hakuna atakayeuliza ruhusa ya mtu."

Nyabise akashika kalamu. Akanitazama. "Mama, niandike?"

Chumba kilikuwa na saa ya ukutani, niliisikia. Hajaolewa. Kwenye kitabu cha serikali ng'ombe wangu hawakutoka zizini. Miaka sita haikuwepo. Mimi ni mama mnene aliyepanda naye basi moja. Na huko chuoni mwanamume yeyote akimwuliza, atakuwa huru, kwa muhuri. Asiporudi, sina pa kushtaki. Nani atanisikiliza? Nimekubali mwenyewe.

Nikasema, andika. Sauti ikatoka kama ya mbuzi.

Akaandika. Kisha akaweka sahihi yake, jina lake peke yake, bila la baba, bila la mume. Herufi kubwa, zimesimama wima kama ukuta wake. Maishani mwangu sijaona mwanamke wa kwetu anajipa ruhusa mwenyewe, na serikali inagonga muhuri. Niliogopa nikafurahi kwa wakati mmoja, sijui kilichotangulia.

Tulishuka Mwigobero, ufukweni mwa ziwa, tukanunua dagaa. Kuvuka barabara alinishika mkono, mimi mkubwa, kama ndiyo nimefika mjini jana.

Ijumaa, 4 Juni

Tumechuma pamba. Mgongo. Mwenyekiti kauliza, nikamjibu wamekubali. Zaidi ya hapo sikusema.

Jumanne, 15 Juni

Barua ya kuitwa chuoni. Inaanza: Ndugu Nyabise. Serikali imemwandikia huyu mtoto, inamwita ndugu! Nimeisoma mara saba. Mara ya nane nilimsomea ng'ombe.

Jumapili, 20 Juni

Habari za Musoma zimevuja. Shemeji yangu, mdogo wa marehemu, alikuja na fimbo na hasira. Anasema nimeivunja nyumba ya kaka yake kwa kalamu. Anasema hata mtoto wa kiume bado sijapata, na mwanamke nimeshamfungulia mlango.

Nikamwambia, "Shemeji, nyumba ya kaka yako haina hata ukuta mmoja ulionyooka. Acha mtu aende akajifunze."

Alitaka kukasirika zaidi, akautazama ukuta, akashindwa. Akaomba maji.

Lakini alipoondoka nilikaa na maneno yake. Hakusema uongo. Mlango nimeufungua.

Jumatatu, 12 Julai

Ameondoka. Lori la pamba lilikubali kumbeba mpaka Bunda. Ana sanduku la bati, godoro halihitajiki, barua inasema kitanda kipo. Wegesa alilia. Nyanjige hakuelewa, alikuwa anashangilia lori.

Karani wa lori anaandika abiria wake. Akanigeukia, "Na wewe mama, ni nani yake?"

Nilifungua mdomo. Tangu Musoma sijui tena jibu la swali hilo.

Nyabise akajibu yeye, kwa sauti, juu ya magunia, watu wote wakisikia: "Ndiye aliyenioa."

Karani akaandika. Sijui aliandika nini. Lori likatoka.

Jumanne, 13 Julai

Asubuhi shwari. Nimechota ndoo mbili, moja ingetosha. Ng'ombe mwekundu karibu anazaa.

Wegesa kauliza mama anarudi lini. Nikasema Desemba, chuo kikifunga. Akauliza Desemba iko wapi. Nimemwonyesha barabara ya Bunda. Akakaa kizingitini akiitazama mpaka uji wake ukapoa. Nikakaa naye.