Wanataka Kuzika Mgomba Badala Yako

Baba Nafula wangu,

Ndugu zako wako sebuleni. Wanakunywa chai yangu polepole kama watu wasio na haraka, lakini najua walichokuja kuchukua. Wanataka neno moja tu kutoka kwangu, "sawa", ili warudi Busia wakate mgomba, wauvike shati lako, wauzike nyuma ya nyumba ya baba yako na kusema ni wewe. Nimewaambia wangoje kidogo, nina jambo la kumaliza chumbani. Jambo lenyewe ni wewe. Nimekaa kitandani upande wako, nakuandikia kwa Kiswahili chetu cha Luzira, maana Kilugbara changu hukukiweza na Kisamia chako mimi nilijifunza matusi tu.

Sina ugomvi na desturi za ukoo wenu. Mtu akipotelea mbali na mwili usipatikane, mgomba unalala kaburini mahali pake, basi, watu wanalia na kunyamaza. Kinachonitesa ni lile alilonieleza mdogo wako Wandera, tena kwa upole, kwamba mtu aliyezikiwa mgomba akirudi hai haingii tena kwake. Watu wanamkimbia, wanasema huyo ni marehemu anatembea. Kwa hiyo nikisema sawa, nakufungia mlango kwa mkono wangu mwenyewe. Nisiposema, mama yako ataendelea kukuota umeloa maji, unamwomba mahali pa kulala. Niambie wewe, ningefanya nini?

Unakumbuka ulivyonijia? Uliitwa kuchomelea lango la kota za askari magereza, baba yangu akiwa mmoja wao, nami nilikuwa nauza mukene, dagaa wetu wa ziwani, wa kukaanga pale nje. Macho yako yalikuwa mekundu kama pilipili. Nikawaambia wenzangu kwa sauti, "Mlevi huyo, mchana kweupe!" Ukavua miwani ya kazi ukanitazama. "Dada, hii si pombe, ni moto. Pombe ningekuwa nacheka." Nikacheka mimi. Ujinga wangu wote ulianzia pale.

Halafu ukanipeleka Port Bell kunionyesha mke wako wa kwanza, ndivyo ulivyoiita ile feri ya kubebea mabehewa. Ilikuwa imepandishwa nchi kavu ili itengenezwe, tumbo wazi, imejaa kutu. Mwanamume mwingine angenipeleka kula chipsi. Wewe ulizunguka ukiigonga kwa vidole na kutega sikio, kama mtu anayechagua tikitimaji sokoni. "Hapa pamechoka," ukasema, "maji yataingilia hapa." Nikakuuliza kama hata mimi utanigonga hivyo nikizeeka. Ukasema nitakuwa nimekugonga wewe kwanza. Kweli nilikuwa na mdomo, Baba Nafula. Siku hizi nimenyamaza, mpaka majirani wanauliza kama naumwa.

Feri zilipofungwa gatini bila kazi, ukawa unarudi nyumbani mapema, nguo safi, hasira tele. Kukuona na nguo safi ndiko kuliniumiza. Wakaja watu wa ofisi moja ya Ntinda, hapa Kampala, wakitafuta mafundi wa kuchomelea, pwani ya mbali, nchi ambayo walituomba hata jina lake tusilitaje barabarani. Ukang'aa uso kama mtoto wa Krismasi. Ningekukataza vipi? Nafula alikubebea begi mpaka stendi ya boda, akakuomba umletee kombe la baharini. Ukamwahidi.

Simu mlikuwa mnaziacha getini, ukanipigia tu siku mlizoruhusiwa kwenda mjini. Siku moja nikakubana: mnajenga nini huko? Ukashusha sauti.

"Gereji ya nyambizi. Tumetoboa mlima ulio kando ya bahari, zitakuwa zinaingia humo ndani kujificha. Zinatembea kwa nguvu za nyuklia, Mama Nafula. Zinakaa chini ya maji miezi na miezi."

"Wewe! Umehangaika miaka yote feri zisizame, leo unaijengea nyumba meli inayozama makusudi?"

Ulicheka mpaka ukakohoa. Nikakuuliza hizo nyambizi zinakwenda kumpiga nani. Ukasema hujui, na waliokuajiri hawapendi swali hilo. Ukasema mlango wa handaki ni mkubwa kuliko kanisa letu, na wewe ndiye unayechomelea viungo vyake. Ulikuwa na fahari. Nilikusikia, na mimi nikajivunia, nikatembea sokoni Ggaba kichwa juu kwa ajili ya mlango ambao sitauona. Hiyo ndiyo sauti yako ya mwisho niliyonayo.

Baadaye simu ikafa. Nikaenda Ntinda, kijana wa mapokezi akatazama kompyuta yake, akasema, "Nyabo, mume wako ametoroka kazini." Nikarudi, na tena, na tena. Jibu lile lile. Kutoroka kwenda wapi, na bahari mbele na askari nyuma? Wakaniambia hakuna handaki, hakuna nyambizi, kule kunajengwa bandari ya samaki. Mimi nimekulia kwenye samaki tangu nazaliwa, wananidanganya kuhusu samaki!

Aliyeniambia ukweli ni Papa Furaha, yule Mkongo uliyelala naye chumba kimoja huko. Aliporudi Kampala alinitafuta mpaka akanipata. Alikataa kukaa. Alisimama hapo mlangoni ameshika kofia.

"Mama Nafula, mayi iliingia kwa nguvu. Siye tulikimbia. Yeye alikuwa ndani kabisa na benzake, banachomelea ile mulango. Tuliomba bakubwa bavute mayi, batu batoke. Bakakatala. Bakamwanga simenti, bakafunga upande ule yote."

Nikamuuliza kama mlikuwa mmeshakufa walipofunga. Akatazama kofia yake. "Mama, sijue," akasema, na machozi yakamtoka. Nilimshukuru. Mpaka leo natamani angenidanganya.

Kumbe kuvuta maji kulitaka kuita waokoaji, na waokoaji wangeona pale pasipotakiwa kuonekana. Nyambizi yao moja inaweza kuunguza mji mzima, na wenyewe wanaogopa maiti ya fundi wa Port Bell! Huwa nawaza zitakapoanza kuingia, zitapita karibu yako kiasi gani. Nafula amekua, anauliza maswali ya watu wazima. Juzi alitaka kujua ni nani tunaweza kumshtaki. Nikamwambia tunamshtaki vipi mtu aliyesema mahali penyewe hapapo. Alirudi kwenye vitabu vyake. Mwenyezi Mungu nimemwomba mpaka nimechoka, na nadhani na yeye amenichoka.

Nilipofika hapo Wandera akabisha hodi. Nilifikiri amekuja kunihimiza, nikajiandaa kumtolea maneno. Lakini alisimama akitazama chini.

"Shemeji, samahani. Mgomba unakatwa kwa urefu wa mtu mwenyewe. Tumebishana hapa, kila mmoja na lake. Kaka alikuwa na urefu gani?"

Angeniuliza kama nimekubali, haki ya Mungu ningesema hapana. Nilikuwa nayo mdomoni. Lakini ameniuliza kitu ambacho nakijua peke yangu, na sikuweza kuvumilia wakukate vibaya. Nikavua viatu. Ulikuwa ukinikumbatia jikoni nikiwa miguu mitupu, kidevu chako juu ya utosi wangu, unanichoma kwa ndevu na mimi nakutukana. Nikasimama wima penye ukuta, nikaweka kiganja juu ya kichwa changu.

"Kidevu kinaanzia hapa," nikamwambia. "Ongezeni uso."

Ameweka alama ukutani, ameipima kwa kamba, ametoka nayo. Nawasikia wanamuaga Nafula na wadogo zake. Pumzika na wenzako uliobaki nao huko, Baba Nafula, sina tena mlango wa kukuwekea wazi.

Ni mimi, aliyekuwa mke wako mpaka mchana huu,

Mama Nafula